Namna ya Kuzuru Mahekalu ya Kichina ya Singapore kwa Miguu

Mahekalu ya kale ya Wachina wa Singapore hayako milimani wala pembezoni mwa mji, bali yamo katikati ya mtaa wa mabenki, yakiwa yamebanwa na maghorofa ya vioo ambayo kilele chake hakionekani mpaka mtu ainue shingo. Mgeni anayeyaona kwa mara ya kwanza hudhani kwamba yalipachikwa humo baadaye kama pambo la watalii. Mambo ni kinyume kabisa: mahekalu ndiyo yaliyotangulia, na mbele yake palikuwa na bahari. Hata jina la barabara yenyewe, Telok Ayer, ni la Kimalay, na maana yake ni ghuba ya maji. Kwa sehemu kubwa ya karne ya 19 barabara hiyo ndiyo iliyokuwa ufuo wa mji, hadi serikali ya kikoloni ya Waingereza ilipoanza, mwishoni mwa miaka ya 1870, kuifukia ghuba kwa udongo ili ipate ardhi ya kujenga. Leo maji yako zaidi ya nusu kilomita kutoka hapo, na kati yake na barabara ile pamejaa ofisi.

Anayetaka kuizuru njia hii na kuielewa inampasa kwanza airudishe bahari ile mahali pake. Asipofanya hivyo ataona rangi nyekundu, mazimwi juu ya paa na moshi wa ubani, na baada ya hekalu la pili yote yatamwia mamoja. Akifanya hivyo, kila hekalu litamweleza ni nani walioshuka hapo, walitoka wapi, na walimshukuru nani kwa kufika salama.

Katika jambo hili msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki ana nafuu kuliko watalii wengi. Majahazi ya Kichina yaliyokuwa yakiingia Singapore baada ya Waingereza kufungua bandari yao huko mwaka 1819 yalisukumwa na pepo za msimu, sawa na majahazi yaliyokuwa yakiingia Lamu, Mombasa na Unguja. Msimu uleule ambao kaskazi iliwaleta kwetu wafanyabiashara kutoka Uarabuni na Bara Hindi, pepo za kaskazini-mashariki ziliwaleta Singapore watu kutoka Fujian na Guangdong, majimbo ya kusini mwa China. Na upepo ulipogeuka, waliotaka kurudi wakarudi. Mtu aliyelelewa na hadithi za kungojea kusi haitaji kuelezwa sana kwa nini abiria aliyekaa majuma mengi baharini, akiwa na dhoruba na maharamia njiani, jambo lake la kwanza alipogusa nchi kavu lilikuwa kutafuta mahali pa kufukizia ubani.

Kabla ya kuondoka hotelini, yapo maandalizi machache. Singapore iko karibu sana na Ikweta, kwa hiyo jua lake na unyevu wake havitamshangaza mtu wa Dar es Salaam au Mombasa, lakini mvua ya ghafla itamshangaza. Mwavuli mdogo ni wa lazima, na hutumika pia kwa jua. Saa za huko ziko mbele ya zetu kwa saa tano, na jua huchomoza karibu saa moja asubuhi mwaka mzima. Anza mapema, ikiwezekana saa mbili, kwa sababu asubuhi ndipo wenyeji wanapokuja kuabudu kabla ya kwenda kazini, na hekalu lisilo na waumini ni jengo tu. Mahekalu mengi hufungwa alasiri au jioni na mapema, kwa hiyo ziara ya baada ya chakula cha mchana huishia milangoni. Vaa nguo inayofunika mabega na magoti. Anayebeba kanga begani ametosheka kwa hekalu lolote na kwa msikiti pia. Njia nzima, kutoka hekalu la kwanza hadi la mwisho katika mtaa huo, haizidi kilomita 3, lakini itengee saa nne.

Kuhusu kiongozi wa ziara, nina maoni yangu. Nchini Singapore watu wanaoongoza watalii kwa malipo hutakiwa kuwa na leseni ya bodi ya utalii ya nchi hiyo na kuvaa kitambulisho chake, na mtu ana haki ya kuomba akione. Leseni, hata hivyo, haimpi mtu uvumilivu. Kiongozi wa kwanza niliyemfuata alitupitisha katika mahekalu sita kwa muda wa saa mbili, akitusimamisha kila mahali kwa dakika za kutosha kupiga picha, na nilipomuuliza bahari ilikuwa upande gani akaonyesha kwa kidole bila kugeuka. Tangu hapo, kabla ya kulipa, huuliza maswali matatu: mtatembelea mahekalu mangapi, ni jamii ipi iliyojenga kila moja, na je, kuna muda wa kukaa kimya ndani? Anayejibu kwamba ni mahekalu matatu au manne ndiye wa kufuatwa. Usipompata, nenda peke yako kwa mpangilio ufuatao. Kuingia katika mahekalu yote ninayoyataja ni bure.

Shuka katika stesheni ya Raffles Place na uulize Phillip Street. Hapo, katika uwanja mdogo uliozungukwa na maghorofa pande zote, ndipo lilipo Yueh Hai Ching, hekalu la Wateochew, watu wa mashariki ya jimbo la Guangdong. Jina lake linazungumzia bahari ya Guangdong iliyotulia, nalo ni ombi zaidi kuliko maelezo. Ni mahekalu mawili yaliyojengwa bega kwa bega: moja ni la Mazu, mungu wa kike wa mabaharia, na la pili ni la Xuantian Shangdi, mtawala wa mbingu za kaskazini. Usikimbilie ndani. Simama uani kwanza, utazame paa.

Juu ya paa utaona mji mzima wa watu wadogo: majenerali, wanawake, farasi, nyumba na minara, wote wakiigiza visa vya michezo ya jukwaani ya Kichina. Mafundi walivunja vyombo vya kauri vya rangi na kuvipanga kipande kwa kipande juu ya chokaa ili kupata nguo za watu hao na magamba ya mazimwi. Msomaji aliyewahi kuona sahani za kauri zilizopachikwa katika kuta za makaburi na misikiti ya kale ya pwani yetu, nyingine zikiwa za Kichina hasa, ataona jinsi chombo kimoja kilivyopata kazi mbili katika pande mbili za bahari moja. Hekalu hili lilitangazwa kuwa jengo la kumbukumbu la kitaifa mwaka 1996, na ukarabati wake mkubwa ukatuzwa na UNESCO mwaka 2014.

Kwa kuwa hili ndilo hekalu la kwanza, ndipo pa kujifunzia adabu za kuingia. Mlango wa kati huachiwa miungu. Binadamu hupita pembeni. Desturi ni kuingia kwa mlango ulio upande wako wa kulia unapolitazama hekalu, ambao ni upande wa joka, na kutoka kwa mlango wa kushoto, ambao ni upande wa chui mkubwa wa Asia, yaani chui milia. Kizingiti chake ni kirefu kwa makusudi: kivuke, usikikanyage. Viatu havivuliwi, na hili huwababaisha wengi wanaotoka msikitini au katika hekalu la Wahindu lililo mtaa wa pili. Ndani utakuta chetezo. Lakini si kile kichetezo cha udongo cha nyumbani kinachowekwa chini ya tenga la nguo, bali ni chombo cha shaba chenye miguu, kikubwa cha kumkumbatia mtu, kilichojaa majivu ambamo waumini huchomeka vijiti vya ubani. Wakati mwingine ubani hutengenezwa kwa umbo la kamba iliyojizungusha, ukaning'inizwa kutoka juu na kuungua polepole kwa siku nyingi. Mwenye pumu asimame uani panapopita hewa.

Msomaji Mwislamu au Mkristo huenda akauliza iwapo kuingia humo kutamtaka afanye ibada. Hakuna atakayemwambia ainame wala ashike ubani. Kinachotakiwa ni heshima ya kawaida: kutopita kati ya muumini na sanamu anayoielekea, kutoelekeza kidole kwenye sanamu, kutogusa matunda na chai vilivyowekwa mezani kama sadaka, na kutompiga mtu picha ya uso akiwa katika maombi. Nashauri pia kwamba asiyeabudu asishike vijiti vya ubani kwa ajili ya kupigwa picha tu. Wenyeji hawatasema neno, kwa kuwa ni wapole, ila wataona.

Toka Phillip Street, vuka barabara, na uingie Telok Ayer Street. Kuanzia hapo unatembea juu ya mstari wa ufuo wa zamani. Mbele kidogo, katika namba 76, kuna hekalu dogo la Fuk Tak Chi, lililoanzishwa mwaka 1824 na Wakantoni na Wahakka, jamii mbili za Wachina wa kusini, kwa ajili ya Tua Pek Kong, mzee mwenye ndevu nyeupe anayelinda ardhi na riziki. Ibada imekoma humo, na tangu mwaka 1998 pamekuwa jumba dogo la makumbusho. Watalii wengi hupita bila kuligeukia, na hilo ni kosa, kwa sababu ndani yake kuna mfano mdogo wa Telok Ayer ya zamani uliochongwa pamoja na watu wake, nyumba zake na majahazi yake yaliyotia nanga. Tumia robo saa kuutazama mfano huo. Kuanzia hapo hutahitaji tena kuulizia bahari ilikuwa wapi.

Hatua chache mbele, namba 98, ni Ying Fo Fui Kun, jumba la chama cha Wahakka kilichoanzishwa mwaka 1822. Si hekalu kwa maana kamili, ila bila kulielewa huwezi kuyaelewa mahekalu. Wachina waliofika Singapore hawakuwa watu wa lugha moja. Mhokkien kutoka Fujian na Mkantoni kutoka Guangdong hawakusikilizana, na mgeni aliyeshuka chomboni alitafuta kwanza watu wa kwao. Watu hao walimpa mahali pa kulala, wakamtafutia kazi, wakamsuluhisha alipogombana, wakamwandikia barua za kupeleka nyumbani, na alipofariki wakamzika kwa desturi zao. Anayejua vyama vya kuzikana vya miji yetu, ambavyo huanza kwa watu wa wilaya moja waliokutana mjini, ana picha kamili ya kazi hiyo. Hekalu la jamii na chama cha jamii vilikuwa chanda na pete: fedha ya mafuta ya taa za hekaluni na fedha ya sanda zilitoka katika sanduku moja. Ndiyo maana ukuta wa hekalu la Kichina huwa na mawe yaliyochongwa majina ya wachangiaji, na kiongozi mzuri atakusomea machache kati ya majina hayo badala ya kukusimulia habari za mazimwi tu.

Kabla ya kufika katika hekalu kubwa utapita namba 140, Nagore Dargah, jengo lenye minara midogo lililojengwa kati ya 1828 na 1830 na Waislamu wa Kitamil kutoka kusini mwa India, na mbele zaidi, baada ya hekalu, ni msikiti wa Al-Abrar, ambao ulianza kama kibanda mwaka 1827. Nao walishuka katika ufuo huohuo, nao wakajenga pa kutolea shukrani. Kwa msafiri Mwislamu msikiti huo ni mahali pazuri pa kuswali adhuhuri katikati ya ziara. Siku ya Ijumaa, upange mwendo wako ili uwe umemaliza hekalu la Thian Hock Keng kabla mtaa haujajaa.

Sasa umefika namba 158, na hapa ndipo panapostahili saa nzima. Thian Hock Keng, yaani Kasri ya Furaha ya Mbinguni, ndilo hekalu kuu la Wahokkien. Lilianza kama kibanda cha ibada ufuoni, na jengo lake la sasa likajengwa kati ya 1839 na 1842. Mchangiaji wake mkubwa alikuwa Tan Tock Seng, mzaliwa wa Malacca aliyeanza maisha ya biashara kwa kuuza mboga, na ambaye jina lake hadi leo limo katika mojawapo ya hospitali kubwa za nchi hiyo. Mawe, mbao na vigae viliagizwa kutoka China, na mwaka 1840 ikaletwa kwa chombo sanamu ya Mazu kutoka Fujian, ikapokelewa kwa maandamano makubwa. Boriti za paa zilishikanishwa kwa namna ya kale, kichwa cha mbao hii kikiingia katika tundu la mbao ile, bila msumari. Lakini tazama pia vyuma vya uzio: hivyo vilitoka Glasgow, mji wa Scotland. Wajenzi hawakuona aibu kuchanganya cha kwao na kile kilichokuwa kizuri katika bandari ya Waingereza.

Mlangoni simama kati ya simba wawili wa mawe. Dume ndiye mwenye mpira chini ya guu lake, na jike ndiye mwenye mtoto. Juu ya milango wamechorwa walinzi wenye macho makali, ambao kazi yao ni kuzuia mabaya yasiingie. Kisha, ukiwa hapo kizingitini, geuka ulipe hekalu mgongo na utazame mbele. Pale penye magari na ofisi ndipo mawimbi yalipokuwa yakivunjikia. Abiria aliyeshuka mashuani hakuwa na zaidi ya hatua chache za kutembea ili amfikie mlinzi wake.

Mlinzi huyo ana historia inayotuhusu. Mapokeo yanasema kwamba Mazu alikuwa msichana aitwaye Lin Mo, aliyezaliwa mwaka 960 katika kisiwa cha Meizhou huko Fujian, ambaye roho yake ilikwenda baharini kuwaokoa jamaa zake waliopatwa na dhoruba huku mwili wake ukiwa nyumbani. Mabaharia walianza kumwomba baada ya kifo chake, na wafalme wa China wakampandisha cheo hatua kwa hatua hadi akaitwa Malkia wa Mbinguni. Zheng He, amiri wa misafara mikubwa ya merikebu ya karne ya 15, ambaye mwenyewe alizaliwa katika ukoo wa Kiislamu, alisimamisha mwaka 1431 mawe mawili yenye maandishi ya kumshukuru kwa kuwalinda watu wake baharini. Misafara hiyo ndiyo iliyofika Mogadishu, Barawa na Malindi. Kwa hiyo yaelekea jina la huyu anayefukiziwa ubani hapa Telok Ayer lilikwisha kutajwa na mabaharia mbele ya pwani ya Waswahili miaka mia nne kabla hekalu hili halijajengwa. Waongoza watalii hawalisemi jambo hilo, kwa kuwa wateja wao wengi hawatoki kwetu.

Ndani, tazama walio ubavuni mwa Mazu: mmoja huona umbali wa maili elfu na mwingine husikia kila upepo unachokileta. Wa kwanza mara nyingi huonyeshwa mkono ukiwa juu ya macho, na wa pili akiwa ametega sikio. Mbele ya ukumbi huning'inia nakala ya maandishi yaliyotolewa mwaka 1907 na mfalme Guangxu wa China, yanayotaja mawimbi kutulia katika bahari ya kusini. Pembeni yupo Guan Gong, shujaa wa vita anayeheshimiwa kwa uaminifu, na yupo tabibu aliyepewa cheo cha uungu baada ya kufa. Ukipita nyuma utamkuta Guanyin, ambaye ni wa Wabuddha, na utamkuta Confucius pia, ambaye alikuwa mwalimu. Mgeni aliyezoea dini zenye mipaka huuliza hekalu hili ni la dini gani hasa. Wenyeji wengi hawaoni uzito wa swali hilo: mtu huenda kwa huyu kwa ajili ya safari, kwa yule kwa ajili ya afya, na kwa mwingine kwa ajili ya mtihani wa mtoto.

Ukitoka, zunguka hadi Amoy Street, nyuma ya hekalu. Ukuta wa nyuma umechorwa picha ndefu ya mita 44, kazi ya Yip Yew Chong ya mwaka 2017, inayoonyesha maisha ya wahamiaji wa Kihokkien tangu kuondoka kwao mpaka makazi yao mapya. Isome kuanzia upande wa kulia, kama unavyosoma Kiarabu. Katika mtaa huohuo, namba 66, lipo hekalu dogo la Siang Cho Keong la miaka ya 1860, nalo ni la Tua Pek Kong. Dakika kumi zinalitosha, ingawa mimi huona raha kukaa humo kwa sababu halina watu.

Sasa pumzika ule. Mbele yako, ukivuka kilima cha Ann Siang, utafika kwenye soko la chakula la Maxwell, ambalo vibanda vyake vingi hupika nyama ya nguruwe. Anayetafuta cha halali atazame cheti cha MUIS, baraza la Kiislamu la nchi hiyo, ukutani mwa kibanda, na asitegemee neno la mdomo. Vyakula vya Wabuddha visivyo na nyama pia hupatikana karibu na mahekalu.

Ng'ambo ya barabara, katika South Bridge Road namba 288, ndipo lilipo Hekalu la Jino la Buddha, jengo kubwa jekundu lililofunguliwa mwaka 2007 kwa mtindo wa enzi ya Tang, ukoo wa kale wa wafalme wa China. Katika ghorofa ya nne kuna kuba iliyotengenezwa kwa kilo 320 za dhahabu, ambamo huhifadhiwa jino linaloaminiwa na waumini kuwa la Buddha. Humo viatu huvuliwa na picha hazipigwi, na juu yake kuna bustani tulivu darini. Ni jengo la fahari, na wengi huanza nalo. Mimi naliweka mwisho wa mtaa huu kwa makusudi. Wahamiaji wa karne ya 19 hawakujenga kwa mtindo huo, wala hekalu hili halikuwahi kuiona bahari. Atakayeanza hapa ataona mahekalu ya Telok Ayer kuwa madogo na machakavu, na atakuwa ameikosa ziara yote. Ukiwa hapo jirani, kumbuka kwamba Pagoda Street na Temple Street, mitaa ambayo majina yake yanadhaniwa kutokana na Wachina, ziliitwa hivyo kwa sababu ya hekalu la Wahindu la Sri Mariamman, lililoanzishwa mwaka 1827 na ambalo mnara wake utauona kwa macho yako.

Mwenye nguvu iliyobaki apande treni katika stesheni ya Chinatown hadi Bugis, kisha atembee mpaka Waterloo Street, lilipo hekalu la Guanyin liitwalo Kwan Im Thong Hood Cho, la tangu mwaka 1884, ingawa jengo la sasa ni la miaka ya 1980. Hapa hakuna cha kale cha kutazamwa, kuna watu. Waumini hupiga magoti, kila mmoja na kikopo cha mianzi chenye vijiti vilivyoandikwa namba, wakikitikisa mpaka kijiti kimoja kianguke chini, na sauti ya vikopo vingi ikitikiswa pamoja hufanana na mvua juu ya bati. Aliyeangusha kijiti hurusha vipande viwili vya mbao vyenye umbo la mwezi mchanga ili aulize kama hilo kweli ndilo jibu lake: kimoja kikilala kifudifudi na kingine chali, amekubaliwa, naye huenda kuchukua karatasi ya namba yake. Simama ukutani, usizuie njia, na usiombe kujaribu kwa mzaha. Epuka tarehe 1 na 15 za mwezi mwandamo wa Kichina kama hupendi msongamano. Lakini kama unaupenda, hizo ndizo siku zako. Kalenda yao huongezewa mwezi kila baada ya miaka michache, kwa hiyo mwaka wao mpya hauzunguki majira kama Ramadhani, bali huangukia daima kati ya mwishoni mwa Januari na katikati ya Februari au siku chache baadaye.

Jirani kabisa, karibu ukuta kwa ukuta, ni hekalu la Wahindu la Sri Krishnan. Mlangoni mwake kuna chetezo cha Kichina, kwa kuwa wengi wanaotoka kwa Guanyin hupitia hapo pia, wakasimama kidogo, wakachomeka ubani uliobaki mkononi, kisha wakanunua maua kwa wauzaji wa barabarani na kuelekea stesheni.